Umeshindwa shauri la kibanja: rufaa inakatwa wapi, ndani ya siku ngapi, na nini huiangusha

Hukumu ya Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya ikishasomwa, upande mmoja hutoka nje ukipongezana na upande wa pili hutoka na swali moja: sasa tunaelekea wapi? Kwa mkazi wa Ihembe, au kijiji chochote cha Karagwe na Kyerwa, swali hilo ni zito. Kibanja ndicho chenye ndizi za chakula na kahawa ya kulipia ada, na mara nyingi ndipo walipozikwa wazazi. Wasikilizaji wengi hutuuliza kuhusu rufaa, na wengi huuliza wakati muda umeshapita.

Makala hii inaeleza njia ya rufaa katika mashauri ya umiliki wa ardhi: ngazi zake, siku zake, gharama ya kuchelewa, na makosa yanayoangusha rufaa hata pale mrufani anapokuwa na haki yake.

Jambo moja tuliseme mapema. Rufaa si kuanza kesi upya. Mahakama ya juu haiwaiti tena majirani waje kueleza mpaka ulipita wapi. Inasoma jalada: kilichosemwa, vielelezo vilivyopokelewa, na namna baraza lilivyofikia uamuzi wake. Kwa hiyo rufaa yako inaanza kujengwa siku ile unapotoa ushahidi wako wa kwanza. Kisichokuwa kwenye jalada, kwa kawaida hakitaonekana huko juu.

Ngazi za mashauri ya ardhi

Tangu Sheria ya Mahakama za Migogoro ya Ardhi ya mwaka 2002 ilipoanza kutumika Oktoba 2003, migogoro ya ardhi haifunguliwi tena Mahakama ya Mwanzo wala Mahakama ya Wilaya. Ina njia yake yenye vyombo vitano.

Cha kwanza ni Baraza la Ardhi la Kijiji. Lina wajumbe saba, na angalau watatu lazima wawe wanawake. Kazi yake ni kusuluhisha. Halitoi hukumu.

Cha pili ni Baraza la Kata, lenye wajumbe wanne hadi wanane, watatu wakiwa wanawake. Hapa kuna mabadiliko ambayo wengi bado hawajayapata. Hadi mwaka 2021 Baraza la Kata lilikuwa na mamlaka ya kuamua mashauri ya ardhi yenye thamani isiyozidi shilingi milioni 3. Sheria Namba 5 ya mwaka 2021 iliondoa mamlaka hayo. Sasa Baraza la Kata linapatanisha tu. Likishindwa, linatoa cheti kuonyesha kwamba usuluhishi umeshindikana. Siku 30 zikipita bila suluhu, unaweza kwenda mbele hata bila cheti hicho.

Maana yake ni kwamba siku hizi kutoka kata kwenda wilaya si kukata rufaa. Ni kufungua shauri jipya. Ukiandika "rufaa dhidi ya Baraza la Kata" juu ya mgogoro ulioanza baada ya mabadiliko hayo, umekosea mlango.

Cha tatu ni Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Hapa ndipo ushahidi unaposikilizwa na hukumu kutolewa. Mwenyekiti huketi na wazee wa baraza wasiopungua wawili. Baraza hili lina mamlaka juu ya mashauri ya kurejesha umiliki wa ardhi yenye thamani isiyozidi shilingi milioni 300, kwa hiyo karibu kila kibanja cha kijijini kinaingia humo.

Cha nne ni Mahakama Kuu, ambayo kwa mkoa wa Kagera iko Bukoba. Cha tano na cha mwisho ni Mahakama ya Rufani ya Tanzania, ambayo majaji wake huja kufanya vikao Bukoba pia.

Kwa shauri lililoanzia Baraza la Wilaya, basi, rufaa ya kwanza inakwenda Mahakama Kuu, na ya pili inakwenda Mahakama ya Rufani.

Kuna shauri la aina moja lisilofuata njia hii. Ukitaka kuishtaki halmashauri ya kijiji, kwa mfano kwa madai kwamba imegawa shamba lako, sheria inaihesabu halmashauri hiyo kuwa sehemu ya Serikali. Tangu mwaka 2020 unatakiwa kutoa notisi ya siku 90, kumuunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na kufungua shauri Mahakama Kuu. Ukilifungua Baraza la Wilaya, hata ukishinda, ushindi huo unaweza kufutwa kwa sababu baraza halikuwa na mamlaka.

Siku 45, na namna ya kuzihesabu

Rufaa kutoka Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya kwenda Mahakama Kuu, kwa shauri lililoanzia kwenye baraza hilo, lazima ifunguliwe ndani ya siku 45 tangu siku ya hukumu.

Siku yenyewe ya hukumu haihesabiwi. Tuchukue mfano wa hukumu iliyosomwa tarehe 3 Machi. Siku ya kwanza ni tarehe 4 Machi. Mwezi Machi unakupa siku 28, na zinazobaki 17 ziko Aprili. Siku ya mwisho ni tarehe 17 Aprili. Ikiangukia siku ambayo ofisi zimefungwa, unafungua siku ya kazi inayofuata.

Siku 45 zinaonekana nyingi, lakini huliwa haraka. Kwanza unahitaji nakala ya hukumu na ya tuzo. Tuzo ni ile hati fupi inayoeleza baraza limeamuru nini. Rufaa isiyoambatana na nakala hizo ina kasoro. Pili, mtu wa kuandika sababu za rufaa hawezi kuziandika vizuri bila kusoma hukumu na mwenendo wa shauri, yaani maandishi ya yote yaliyosemwa barazani. Tatu, kuna ada, na kwa watu wa kwetu kuna nauli ya kwenda na kurudi Bukoba.

Ndiyo maana siku ileile ya hukumu, au kesho yake, andika barua ya kuomba nakala ya hukumu, tuzo na mwenendo. Peleka nakala mbili: moja waipokee, ya pili wakugongee muhuri wa kupokea na tarehe, ubaki nayo. Sheria ya ukomo wa muda inaruhusu siku ulizokuwa ukisubiri nakala zisihesabiwe, lakini lazima tarehe hizo zionekane kwa maandishi: uliomba lini, zikawa tayari lini. Mtu aliyeomba kwa mdomo dirishani hana cha kuonyesha.

Usilale kwa kutegemea nafuu hiyo. Ukipata nakala siku ya 20, fanya kama una siku 25 tu zilizobaki.

Kama hukumu ilitolewa hukuwepo

Wako wanaogundua kwamba shauri lilisikilizwa upande mmoja bila wao. Pengine wito haukuwafikia, pengine waliugua, pengine walikuwa safarini.

Mlango wa kwanza kwa mtu huyu si Mahakama Kuu. Anarudi kwenye baraza lilelile na kuomba uamuzi huo uondolewe ili asikilizwe. Kanuni za mabaraza hayo zinatoa siku 30. Lazima aeleze kwa nini hakufika, na alete uthibitisho: cheti cha hospitali, barua ya mtendaji wa kijiji, au maelezo kwamba wito alipewa mtu mwingine.

Mtu ambaye hakuwa mdaawa kabisa naye hawezi kukata rufaa, hata kama hukumu imegusa ardhi yake. Mfano ni mke ambaye nyumba anayoishi imeamuliwa kuwa ya mtu mwingine katika shauri la mumewe peke yake. Njia yake ni kuiomba Mahakama Kuu ifanye marejeo, yaani iliitishe jalada na kulichunguza. Maombi hayo nayo yana muda wake, kwa hiyo aanze kutafuta ushauri siku anapopata habari.

Muda ukishapita

Siku 45 zikipita, mlango haujafungwa kwa kufuli, lakini umekuwa mzito. Unapaswa kuomba kwanza Mahakama Kuu ikuongezee muda. Maombi haya huletwa pamoja na hati ya kiapo, na mahakama hutaka sababu ya kuridhisha.

Vigezo vinavyotajwa sana ni vile Mahakama ya Rufani ilivyoviweka katika Maombi ya Madai Namba 2 ya mwaka 2010, kati ya kampuni ya Lyamuya Construction na bodi ya wadhamini wa YWCA Tanzania. Mwombaji aeleze kipindi chote alichochelewa. Ucheleweshaji usiwe wa kupita kiasi. Aonyeshe alikuwa akifuatilia kwa bidii, si kwa uzembe. Na kama kuna jambo jingine zito, kama uvunjaji wa sheria unaoonekana wazi katika uamuzi unaopingwa, alitaje.

Cha muhimu kwa mwananchi ni hicho cha kwanza. Mahakama hutaka hesabu ya kila siku. Haitoshi kusema "nilikuwa mgonjwa". Sema ulilazwa tarehe ngapi, ukaruhusiwa tarehe ngapi, na baada ya kuruhusiwa ulifanya nini mpaka siku ya kufungua maombi. Kama kati ya kuruhusiwa na kufungua maombi kuna wiki tatu zisizo na maelezo, hizo wiki tatu ndizo zitakazokuangusha.

Kutojua sheria hakukubaliwi kuwa sababu. Wala "nilikuwa natafuta hela" hakutoshi peke yake. Kwa asiye na uwezo ipo njia ya msaada wa kisheria, tutaieleza mbele.

Sababu za rufaa ziandikweje

Katika rufaa ya kwanza, Mahakama Kuu ina mamlaka ya kupitia upya ushahidi wote uliomo kwenye jalada na kufikia uamuzi wake. Kwa hiyo unaweza kulalamikia sheria na pia namna ushahidi ulivyopimwa.

Sababu ya rufaa inataja kosa. "Sikutendewa haki" haimwambii jaji chochote. Linganisha na hii: "Baraza lilikosea kuamini mkataba wa mauziano ambao shahidi wa pili, aliyetajwa humo kuwa shuhuda, alikana kuusaini." Hapo jaji anajua afungue ukurasa gani.

Andika sababu chache zenye uzito. Shauri lenye hoja tatu nzuri hufichwa na orodha ya hoja kumi na tano ambazo nyingi zinarudia jambo moja.

Usilete kwenye rufaa jambo jipya. Kama barazani ulisema kibanja ulikirithi, huwezi kusema Bukoba kwamba ulikinunua. Na ushahidi mpya hupokelewa kwa nadra sana, kwa kibali cha mahakama na kwa sababu maalumu. Mkataba uliousahau ndani ya sanduku wakati shauri likisikilizwa hauna nafasi kubwa ya kuingia baadaye.

Hapa kuna kosa linalowaumiza wengi. Mtu anaambatisha nakala ya mkataba kwenye maombi yake ya kwanza barazani, kisha anaamini umeshakuwa ushahidi. Haujawa. Mpaka siku ya kutoa ushahidi uuombe upokelewe, upande wa pili uulizwe kama una pingamizi, na mwenyekiti aupokee na kuupa alama ya kielelezo. Hati isiyopokelewa hivyo, mahakama ya rufaa haiihesabu.

Makosa yanayobomoa shauri zima

Yapo makosa ambayo mahakama ya juu ikiyaona haipimi tena nani mwenye kibanja. Inatengua mwenendo na hukumu. Mara nyingine inaamuru shauri lisikilizwe upya, na mara nyingine kila mtu anarudi mahali alipokuwa kabla ya shauri. Mrufani hufurahi, lakini hajashinda kibanja. Amerudi mwanzo akiwa amepoteza miaka.

Ni vizuri kuyajua makosa haya mapema, kwa pande zote mbili.

La kwanza ni kushtaki kwa ajili ya mali ya marehemu bila kuwa msimamizi wa mirathi. Baba amefariki, jirani amesogeza mpaka, na mtoto mkubwa anafungua shauri kwa jina lake. Kisheria kibanja bado ni mali ya marehemu, na anayeweza kukidai ni msimamizi aliyeteuliwa na mahakama. Kikao cha ukoo kinapendekeza jina. Hakimteui msimamizi. Kwa mirathi ya kimila, maombi ya usimamizi hupelekwa Mahakama ya Mwanzo pamoja na muhtasari wa kikao. Fanya hivyo kabla ya kufungua shauri la ardhi.

La pili ni kutomuunganisha mtu wa lazima. Kama unamdai mnunuzi na aliyemuuzia yuko hai, mara nyingi muuzaji naye anatakiwa awemo, kwa sababu uamuzi utamgusa.

La tatu ni kutoeleza ardhi yenyewe. "Shamba lililoko Ihembe" haitoshi. Taja kijiji, kitongoji, ukubwa, na majirani wa pande zote nne. Hukumu isiyojulikana inahusu kipande kipi haitekelezeki.

La nne ni maoni ya wazee wa baraza. Wazee wakisikiliza shauri, lazima watoe maoni yao kwa maandishi, na yasomwe mbele ya wadaawa kabla ya hukumu. Mahakama ya Rufani imetengua hukumu nyingi za mabaraza kwa sababu jalada halikuonyesha kwamba maoni hayo yalisomwa. Siku ya kusoma maoni fika, na ukiona yamerukwa, liambie baraza.

La tano ni ukaguzi wa eneo. Baraza likienda shambani kuona mpaka, pande zote ziwepo, mashahidi watakaoeleza huko wahojiwe, na yaliyoonekana yaandikwe kwenye jalada. Mwenyekiti aliyekwenda na upande mmoja amejenga hukumu yake juu ya mchanga.

Lakini sheria haitaki kila kosa dogo libomoe shauri. Inasema uamuzi wa baraza usitenguliwe kwa kosa la utaratibu isipokuwa kama kosa hilo lilisababisha haki kupotea. Tarehe iliyokosewa au jina lililoandikwa vibaya kwa kawaida halitakupa ushindi. Swali la mahakama ni: je, kosa hili lilimnyima mtu haki yake?

Rufaa haizuii kutolewa shambani

Wengi hudhani wakishakata rufaa, kibanja kinabaki kama kilivyo mpaka rufaa iamuliwe. Sivyo. Kukata rufaa peke yake hakusimamishi utekelezaji. Aliyeshinda anaweza kuomba hukumu ikaziwe, na dalali akaja.

Kwa hiyo pamoja na rufaa, fungua maombi ya kusimamisha utekelezaji. Utatakiwa kuonyesha kwamba utapata hasara kubwa, kwamba hukuchelewa kuomba, na kwamba uko tayari kutoa dhamana ya kutimiza hukumu endapo utashindwa. Kwenye Mahakama ya Rufani muda ni mfupi zaidi: siku 14 tangu ulipopewa notisi ya utekelezaji.

Wakati mambo yako mahakamani, pande zote zijizuie. Kufyeka migomba, kung'oa mibuni, kuhamisha miti ya mpaka au kuanza msingi usiku kunaweza kuzaa kesi ya jinai ya uharibifu. Wala kukimbilia polisi kwa madai kwamba mwenzako ameingia kwa jinai hakumalizi ubishi. Mahakama ya jinai haiamui nani mmiliki. Pale umiliki wenyewe unapobishaniwa, suala hilo huamuliwa kwanza kwenye vyombo vya ardhi.

Kununua kibanja chenye shauri ni kununua shauri. Muuzaji akishindwa kwenye rufaa, mnunuzi anatoka naye.

Rufaa ya Muleba iliyobadilisha sheria

Kuna watu wanaosema rufaa ni kupoteza muda kwa mtu mdogo. Historia ya mkoa wetu inao mfano wa kuwajibu.

Mwaka 1988, wilayani Muleba, mwanamke mmoja mzee aliuza kwa shilingi 300,000 shamba la ukoo alilorithishwa na baba yake kwa wosia. Alikuwa amezeeka na hakuwa na mtu wa kumtunza. Mnunuzi hakuwa mtu wa ukoo. Ndugu wa kiume wa ukoo huo alifungua shauri Mahakama ya Mwanzo Kashasha, akitaka mauzo yafutwe. Alitegemea kanuni za mila za Wahaya zilizoandikwa katika Tangazo la Serikali Namba 436 la mwaka 1963, zilizosema mwanamke anaweza kulitumia shamba la ukoo maisha yake yote lakini hawezi kuliuza.

Mahakama ya Mwanzo ilikubaliana naye na kumwamuru mama huyo arudishe fedha. Hapo wengi wangenyamaza. Lakini shauri likaenda kwa rufaa Mahakama ya Wilaya Muleba, na mahakama hiyo ikaugeuza uamuzi: Katiba imekataza ubaguzi. Safari hii ndugu wa kiume ndiye aliyekata rufaa, akaenda Mahakama Kuu Mwanza. Katika Rufaa ya Madai Namba 70 ya mwaka 1989, inayojulikana kama shauri la Ephrahim na Pastory, Jaji Mwalusanya aliikataa rufaa yake mwaka 1990. Alisema wanawake wana haki sawa na wanaume ya kurithi na kuuza ardhi ya ukoo. Mtu wa ukoo alibaki na nafasi ya kulikomboa shamba kwa kumrudishia mnunuzi fedha alizolipa, lakini kwa masharti yaleyale, awe aliyeuza ni mwanamume au mwanamke.

Njia iliyopitiwa wakati ule, kutoka Mahakama ya Mwanzo hadi Mwanza, haipo tena kwa mashauri ya ardhi. Somo lake bado lipo. Hoja iliyoshinda haikuhitaji mashahidi wapya. Ukweli wa shauri ulikuwa umeshaandikwa kwenye jalada la Kashasha: wosia, mauzo, tarehe na bei. Kilichobadilika huko juu ni sheria iliyotumika juu ya ukweli huo.

Kwenda Mahakama ya Rufani

Usiporidhika na uamuzi wa Mahakama Kuu, hatua ya kwanza ni kutoa notisi ya rufaa ndani ya siku 30. Ndani ya siku hizohizo 30 andika barua kwa msajili kuomba nakala za mwenendo, hukumu na tuzo, na upande wa pili upewe nakala ya barua hiyo. Kisha rufaa yenyewe hufunguliwa ndani ya siku 60 tangu notisi. Nakala zikichelewa, msajili anaweza kutoa cheti kinachoondoa siku za kusubiri, lakini kwa mtu aliyeomba na kumpa mwenzake nakala ya barua kwa wakati.

Zamani ilibidi kwanza uombe kibali cha kukata rufaa. Mabadiliko ya sheria ya mwaka 2023 yaliondoa sharti hilo kwa mashauri ya aina hii. Kwa mashauri ya zamani yaliyoanzia Baraza la Kata, bado kinahitajika cheti cha Mahakama Kuu kwamba kuna hoja ya kisheria ya kuamuliwa.

Rufaa ya pili ni nyembamba. Majaji watatu huangalia zaidi sheria, na hawapendi kugusa ushahidi ambao vyombo viwili vya chini vimeukubali kwa pamoja. Kama malalamiko yako ni "hawakuniamini", pima vizuri kabla ya kutumia mbuzi wa mwisho.

Ujue pia tofauti ya maneno mawili. Rufaa iliyoondolewa mahakamani kwa kasoro ya utaratibu inaweza kuletwa tena ikirekebishwa, kama muda unaruhusu au umeongezwa. Rufaa iliyokataliwa baada ya hoja kusikilizwa imekwisha katika ngazi ile. Na anayeshindwa kwa kawaida huamriwa kulipa gharama za mwenzake.

Asiye na wakili afanye nini

Si lazima uwe na wakili. Wengi husimama wenyewe, na tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2021, Kiswahili ndiyo lugha ya mahakama na mabaraza. Una haki ya kusikilizwa kwa lugha unayoielewa.

Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 inawatambua watoa msaada na wasaidizi wa kisheria wanaowahudumia wasio na uwezo. Ulizia ofisi ya maendeleo ya jamii ya wilaya, Kayanga kwa Karagwe, au kwa mtendaji wa kata yako. Kazi yenye manufaa zaidi wanayoweza kukufanyia ni kusoma hukumu mapema na kukwambia kweli kama kuna hoja. Hukumu za Mahakama Kuu na Mahakama ya Rufani zinasomwa bure kwenye tovuti ya TanzLII, hata kwa simu.

Ukipata hukumu usiyoridhika nayo, fanya haya:

1. Andika tarehe ya hukumu, hesabu siku 45, na iandike siku ya mwisho mahali unapopaona kila asubuhi.

2. Siku hiyo au kesho yake peleka barua ya kuomba hukumu, tuzo na mwenendo. Baki na nakala yenye muhuri.

3. Mpe mtu anayejua sheria aisome hukumu kabla ya wiki mbili kwisha.

4. Uliza kuhusu kusimamisha utekelezaji wakati huohuo, si dalali akishafika.

5. Tunza kila risiti na kila karatasi yenye tarehe. Ukichelewa kwa sababu ya kweli, karatasi hizo ndizo zitakazokusemea.

6. Mlango wa suluhu haufungwi na hukumu. Mnaweza kukubaliana mpaka hata rufaa ikiwa mahakamani, na makubaliano hayo yakaandikwa na kusajiliwa kuwa uamuzi.

Na kama shauri lako bado liko barazani, hujachelewa. Peleka mkataba upokelewe kuwa kielelezo. Mlete jirani mzee anayeujua mpaka angali na nguvu za kusafiri. Wataje majirani wa pande nne. Yote hayo yakiandikwa kwenye jalada sasa, jaji wa Bukoba atayakuta.